Kazi Nyuma ya Kamera katika Filamu za Ucheki: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara kuhusu Ubunifu wa Mandhari na Maleba

Majibu haya yameandikwa kwa ajili ya msomaji anayependa filamu na anayetaka kujua kazi za watu wanaoijenga kabla kamera haijawashwa: wabunifu wa mandhari, wabunifu wa maleba, maseremala, washonaji, wapaka rangi na wasimamizi wa vifaa. Ucheki ni nchi ndogo isiyofikisha watu milioni 11, lakini katika fani hii imetoa mabingwa wanaostahili kujulikana zaidi ya wanavyojulikana sasa.

Mbunifu wa mandhari ya filamu hufanya kazi gani hasa?

Kazi yake huanza na mswada. Anausoma akitafuta mahali: kila onyesho linatokea wapi, saa ngapi, mwaka gani, nani ana pesa na nani hana. Kisha, kwa kushauriana na mwongozaji na mpiga picha mkuu, huamua ni maonyesho yapi yatapigwa katika majengo halisi na yapi yatajengewa seti studioni, huchora, hukadiria gharama, na husimamia ujenzi hadi siku ya kupiga picha. Chini yake wapo wasaidizi wanaochora ramani zenye vipimo, mpambaji wa seti anayechagua samani na mapazia, na msimamizi wa vifaa anayeshughulikia kila kitu kinachoshikwa na mwigizaji, kuanzia barua hadi bastola. Mbunifu wa maleba kwa kawaida huwa na idara yake mwenyewe.

Chukua, kwa mfano, jiko la mjane anayeishi Praha mwaka 1952. Mbunifu hujiuliza kama jiko ni la makaa au la gesi. Kama ni la makaa, ndoo ya makaa iko wapi na sakafu iliyo mbele yake imechafuka kiasi gani. Mezani kuna vikombe vingapi, na kile alichokuwa akinywea marehemu mume wake kimehifadhiwa wapi. Rangi ya ukuta imefifia sehemu gani, na imebaki mbichi mahali gani palipoondolewa picha. Wakati huohuo anafikiria mambo ambayo mtazamaji hatayajua kamwe: ni ukuta upi utakaotolewa ili kamera irudi nyuma, na dirisha lielekee wapi ili mpiga picha aweze kutengeneza mwanga wa asubuhi mchana kutwa. Mwigizaji akiingia jikoni humo, mkono wake unapaswa kujua chumvi iko wapi.

Kwa nini fani hii ilishamiri Praha?

Sababu ya kwanza ni studio za Barrandov, zilizojengwa kuanzia mwaka 1931 na kufunguliwa mwaka 1933 juu ya kilima kilicho kusini mwa katikati ya jiji. Mwenye wazo alikuwa Miloš Havel, ami yake Václav Havel aliyekuja kuwa rais, na michoro ilikuwa ya msanifu majengo Max Urban. Wakati wa uvamizi wa Ujerumani ya Hitler, wavamizi waliotaka kuigeuza Praha kuwa kituo chao cha filamu walianza kujenga kumbi kubwa zaidi, na kumbi hizo zilibaki baada ya wao kuondoka. Mnamo Agosti 1945 sekta nzima ya filamu ilitaifishwa kwa amri ya Rais Edvard Beneš.

Utaifishaji huo ulileta udhibiti wa kisiasa ambao nitaurudia hapa chini, lakini kwa upande wa ufundi ulikuwa na matokeo yanayopaswa kutajwa kwa haki. Seremala, mpiga lipu, mshonaji, fundi wa nywele za bandia na mchongaji waliajiriwa na studio moja, wakakaa miaka mingi katika karakana ileile, na mwanagenzi akajifunza kwa kumtazama mzee wa kazi. Vitu havikutupwa. Samani, vyombo, silaha na maleba viliwekwa ghalani kwa ajili ya filamu ijayo, na hadi leo ghala la Barrandov, lenye mamia ya maelfu ya vipande vya mavazi na vifaa, ni miongoni mwa makubwa zaidi barani Ulaya. Mbunifu anayehitaji makoti 200 ya askari hana haja ya kuanza na kitambaa.

Sababu ya pili ni jiji lenyewe. Praha iliokoka Vita Vikuu vya Pili bila kubomolewa kama Warszawa au Dresden, hivyo ndani ya mwendo mfupi utapata mitaa ya enzi za kati, makasri ya karne ya 17 na 18 na majengo ya ghorofa ya karne ya 19. Ndiyo maana jiji hili limeigiza kama Vienna, Paris na London mara nyingi. Nje ya Praha hali ni hiyohiyo: mji wa chemchemi za maji ya tiba wa Karlovy Vary ulitumika kama Montenegro katika filamu ya James Bond ya mwaka 2006.

Ni filamu gani inayoonyesha kazi hii vizuri zaidi?

Kwa anayeanza ningependekeza *Amadeus*, iliyoongozwa na Miloš Forman na kutoka mwaka 1984. Forman alikuwa amehamia Marekani baada ya majeshi ya Kisovieti kuingia Chekoslovakia mwaka 1968, na alirudi Praha mwaka 1983 kupiga picha za filamu kuhusu Mozart, kwa sababu Vienna ya karne ya 18 ilikuwa rahisi kuipata Praha kuliko Vienna penyewe. Seti chache tu zilihitaji kujengwa studioni, zikiwemo nyumba ya Mozart na chumba cha hospitali anamoishi mzee Salieri. Sehemu kubwa iliyobaki ilipigwa katika majumba na mitaa halisi.

Tazama maonyesho ya opera. Yalipigwa katika jumba lilelile ambamo *Don Giovanni* ilionyeshwa kwa mara ya kwanza tarehe 29 Oktoba 1787, ikiongozwa na Mozart mwenyewe, na mwaka uleule wa 1983 jumba hilo likafungwa kwa ukarabati uliodumu hadi 1991. Ndani yake, katikati ya mbao kavu na vitambaa vya zamani, mishumaa halisi iliwashwa huku wazima moto wakiwa tayari. Uamuzi huo uliathiri idara zote. Mwanga wa mshumaa hutikisika na una rangi ya dhahabu, kwa hiyo hariri, poda ya nywele na rangi ya kuta ilibidi vichaguliwe kwa kuzingatia jinsi vitakavyoonekana chini ya mwanga huo, sivyo vinavyoonekana karakanani.

Filamu ilipata tuzo 8 za Oscar. Ya mandhari ilikwenda kwa Patrizia von Brandenstein wa Marekani pamoja na Karel Černý, fundi mkongwe wa Kicheki mzaliwa wa Brno, na ya maleba ikaenda kwa Theodor Pištěk.

Theodor Pištěk ni nani?

Alizaliwa Praha mwaka 1932, wa ukoo wa mchoraji František Ženíšek, akasomea uchoraji katika Chuo cha Sanaa Nzuri cha jijini humo, na kwa miaka kadhaa alishiriki mashindano ya magari. Ninayataja magari kwa sababu aliyachora pia, kwa usahihi wa kushangaza, na jicho hilo la kupenda vyuma vinavyong'aa utaliona katika vifungo na nyuzi za dhahabu za maleba yake.

Ila kabla ya dhahabu hiyo kulikuwa na manyoya na ngozi. Katika *Markéta Lazarová* ya František Vláčil, iliyotoka mwaka 1967, Pištěk aliwavika watu wa enzi za kati mavazi mazito yasiyo na urembo wowote, yanayoonekana kama yamelaliwa, yamenyeshewa na yamekaushwa kwenye moto. Wakosoaji wa Kicheki waliichagua filamu hiyo mwaka 1998 kuwa bora kuliko zote zilizowahi kutengenezwa nchini mwao, na kwa maoni yangu mavazi yanachangia sehemu kubwa ya sifa hiyo, kwa kuwa hakuna hata vazi moja linalokukumbusha ghala la studio.

Alibuni pia maleba ya filamu ya Cinderella ya mwaka 1973 iliyotengenezwa kwa ushirikiano wa Chekoslovakia na Ujerumani Mashariki. Filamu hiyo ilikusudiwa kupigwa kiangazi, lakini ratiba ya upande wa Ujerumani ikaisukuma hadi majira ya baridi, kwa hiyo hadithi nzima ikahamia thelujini. Badala ya vitambaa vyepesi, watu walihitaji kofia nene na makoti, na mpaka leo familia nyingi za Ulaya ya Kati hukumbuka filamu hiyo kwa picha ya msichana aliyepanda farasi katika theluji. Mwaka 1990 Rais Václav Havel alimtumia Pištěk kubuni sare mpya za walinzi wa Ikulu ya Praha, na wageni wanaopiga picha langoni leo wanapiga kazi ya mbunifu wa filamu.

Je, mbunifu anaweza kuwa mtunzi wa filamu kama alivyo mwongozaji?

Ndiyo, na jibu hilo lina jina la mtu: Ester Krumbachová. Alizaliwa Brno mwaka 1923, akafanya kazi katika tamthilia kabla ya kuingia kwenye filamu, na katika miaka ya 1960 alikuwa nguzo ya kundi la wasanii vijana lililojulikana kama Wimbi Jipya la Chekoslovakia. Alibuni maleba, alibuni mandhari, aliandika miswada, na mwaka 1970 aliongoza filamu yake mwenyewe. Waongozaji walimtafuta kwa sababu hakungoja kuambiwa afanye nini. Aliusoma mswada, akauliza mhusika huyu anataka nini duniani, kisha akaleta jibu kwa umbo la gauni, kofia au chumba.

Katika *Sedmikrásky* ya Věra Chytilová ya mwaka 1966, aliyoandika mswada wake pamoja na mwongozaji, utaona maana ya jambo hili. Wasichana wawili wanaamua kuwa wabaya kwa kuwa dunia yenyewe ni mbaya. Hadithi haisemwi sana kwa maneno. Inasemwa na rangi inayobadilika ghafla, na mikasi inayokata kila kitu hadi miili ya wasichana wenyewe, na meza ndefu ya karamu inayoliwa na kukanyagwa kwa viatu. Ukimwondoa mbunifu hapo, hakuna filamu inayobaki.

Meza hiyo ilimgharimu. Mwezi Mei 1967 mbunge mmoja alisimama bungeni akalalamikia filamu za namna hii, akitaja chakula kilichoharibiwa. Baada ya uvamizi wa 1968 na usafishaji wa kisiasa uliofuata, Krumbachová alifungiwa milango ya studio kwa miaka mingi, na *O slavnosti a hostech* aliyoiandika pamoja na Jan Němec ikapigwa marufuku. Alifariki mwaka 1996. Ninaona ni dhuluma ya kihistoria kwamba wapenzi wengi wa filamu wanaweza kutaja waongozaji watano wa kizazi hicho bila kumtaja yeye, aliyefanya kazi na wengi wao.

Filamu za vikaragosi na za uhuishaji zina nafasi gani katika taaluma hii?

Nafasi kubwa sana, maana humo mbunifu hutengeneza mpaka mwigizaji. Jiří Trnka (1912–1969), mzaliwa wa Plzeň, alichonga vikaragosi ambavyo nyuso zao hazikubadilika hata kidogo wakati wa kupiga picha. Huzuni na furaha zilitokana na mwinamo wa kichwa na upande ambao mwanga uliangukia shavu. Mwanafunzi yeyote wa mandhari afanye jaribio hili nyumbani: akiweka kinyago kimoja juu ya meza na kukizungushia taa polepole, ataelewa mambo mengi kuhusu uhusiano wa umbo na mwanga.

Karel Zeman (1910–1989), aliyefanya kazi zake katika studio za Zlín huko Moravia, alitoa *Vynález zkázy* mwaka 1958. Filamu hiyo ilifanana na michoro ya kuchongwa iliyopamba vitabu vya Jules Verne katika karne ya 19. Mistari myembamba ya michoro hiyo ilipakwa kwenye kuta za seti, samani na mashine, ili waigizaji hai waonekane wakitembea ndani ya ukurasa wa kitabu. Mwaka huohuo ilishinda tuzo kuu ya mashindano ya filamu katika Maonyesho ya Dunia ya Brussels. Jan Švankmajer na mkewe Eva Švankmajerová waliipeleka fani hii mahali pengine kabisa, kwa kutumia mifupa, nyama mbichi, vidoli vilivyochakaa na makabati ya jikoni.

Siku hizi ajira inatoka wapi?

Kutoka mifereji miwili. Mmoja ni filamu na tamthilia za Kicheki, zenye bajeti ndogo, zinazotegemea mfuko wa serikali, televisheni ya umma na wabia wa nje. Mwingine ni utayarishaji wa kigeni. Tangu mwaka 2010 serikali imekuwa ikimrudishia mtayarishaji sehemu ya gharama zinazostahili alizotumia nchini, kwanza kwa asilimia 20, na kuanzia 2025 kwa asilimia 25, huku kazi za uhuishaji na za kidijitali zikipewa asilimia 35. Barrandov nayo ilijenga mwaka 2006 ukumbi mpya wenye eneo la mita za mraba 4,000.

Wafanyakazi wengi wa idara za mandhari leo hawana mwajiri wa kudumu. Hufanya kazi kwa leseni ya biashara binafsi, filamu moja baada ya nyingine, siku huwa ndefu, na kati ya mradi na mradi kunaweza kupita miezi bila kipato. Anayefikiria kuingia ajue hilo mapema na ajiwekee akiba.

Je, kazi za kigeni zinawanyima Wacheki nafasi ya ubunifu?

Malalamiko haya yana ukweli. Mara nyingi mbunifu mkuu huja na mwongozaji kutoka nje, na Wacheki hupewa nafasi ya pili, ya kuchora na kujenga mawazo ya mwingine. Hata hivyo zipo filamu ambazo nafasi ya kwanza ilikuwa yao. Ondřej Nekvasil alikuwa mbunifu wa mandhari wa *Snowpiercer*, ya mwongozaji Bong Joon-ho wa Korea Kusini, iliyopigwa Barrandov mwaka 2012. Hadithi yote inatokea ndani ya treni, kwa hiyo mabehewa yalijengwa ukumbini na kuwekwa juu ya mitambo iliyoyatikisa, na kila behewa likawa na tabaka lake la watu, rangi yake na hewa yake. Nora Sopková, mpambaji wa seti wa *Jojo Rabbit* iliyopigwa Žatec na miji mingine ya Ucheki, aliteuliwa kuwania Oscar mwaka 2020 pamoja na mbunifu mkuu Ra Vincent. Kwangu mimi tatizo kubwa ni lingine: fundi bora akichukuliwa na filamu ya kigeni kwa miezi minane, filamu ndogo ya Kicheki iliyopangwa msimu uleule hubaki ikimtafuta wa kuijenga.

Je, kompyuta hazijaua ufundi wa mikono?

Hapana. Kompyuta imechukua upeo wa macho, anga na umati wa mbali, lakini kitu kinachoguswa na mwigizaji bado kinatengenezwa. Kwa filamu ya Kijerumani ya Vita Vikuu vya Kwanza iliyotoka mwaka 2022, *Im Westen nichts Neues*, uwanja wa mapambano ulichimbwa kweli huko Milovice, kwenye uwanja wa zamani wa ndege wa jeshi la Kisovieti, pamoja na mahandaki yaliyojaa maji na matope. Filamu ilishinda Oscar ya mandhari, na Linda Eisenhamerová wa Ucheki aliteuliwa pamoja na Heike Merker katika kundi la upambaji wa nyuso na nywele. Ukiitazama tena, angalia jinsi tope lililokauka kwenye mashavu ya askari linavyotofautiana na tope bichi la dakika chache kabla yake. Kuna mtu aliyekuwa na kazi ya kukumbuka tofauti hiyo siku baada ya siku, kwa sababu maonyesho hayapigwi kwa mfuatano wa hadithi.

Nisome wapi, na je, ni lazima nijue Kicheki?

FAMU, kitivo cha filamu cha Akademia ya Sanaa za Maonyesho ya Praha kilichoanzishwa mwaka 1946, ni miongoni mwa shule za filamu kongwe zaidi duniani na inafundisha uongozaji, upigaji picha, utayarishaji na uhuishaji. Anayetaka hasa mandhari na maleba aangalie idara ya sanaa za jukwaa ya DAMU, kitivo cha tamthilia cha akademia hiyohiyo, au JAMU, akademia ya sanaa za maonyesho ya Brno. Chuo cha UMPRUM, alikosoma Trnka, hupokea wenye mwelekeo wa usanifu na uchoraji, na Zlín bado ina chuo kikuu kinachofundisha uhuishaji na sanaa za picha.

Kuhusu lugha, msomaji wa Nairobi, Dar es Salaam au Bujumbura anapaswa kulijua jambo moja lenye uzito wa kifedha. Katika vyuo vikuu vya umma vya Ucheki, masomo yanayotolewa kwa Kicheki hayatozwi karo bila kujali uraia wa mwanafunzi, ilhali programu za Kiingereza hulipiwa, na si kwa bei ndogo. Kicheki ni kigumu, lakini ndicho kinachozungumzwa na seremala na mpaka rangi karakanani, na mbunifu asiyeweza kuelewana na seremala wake atajengewa kitu ambacho hakukichora.

Jalada langu la kazi liwe na nini?

Liwe na michoro ya mkono, hata kama unatumia kompyuta kwa ustadi. Weka mfano mdogo wa chumba kimoja uliotengenezwa kwa karatasi ngumu, kwa kipimo sahihi, ukiupiga picha kwa mwanga wa pande tofauti. Chagua hadithi moja unayoifahamu vizuri, hata iwe ya mtaani kwenu, na uibunie mandhari yote, kuanzia mlango hadi kijiko, badala ya kukusanya picha 30 za miradi isiyohusiana. Wengi huleta majumba ya kifalme na sayari za mbali, wakati chumba cha kupanga chenye kitanda kimoja, kikibuniwa kwa makini, humweleza mwalimu mengi zaidi kuhusu uwezo wako.

Naweza kuziona wapi kazi hizi?

Jumba la makumbusho la Karel Zeman, lililofunguliwa mwaka 2012, liko Praha karibu na Daraja la Karel, na humo mgeni anaruhusiwa kusimama ndani ya baadhi ya mbinu za kamera na kuona zinavyofanya kazi. Sinema ya Ponrepo ya Hifadhi ya Taifa ya Filamu huonyesha filamu za zamani mara kwa mara. Jumba la opera lililotumika katika *Amadeus* liko wazi kwa maonyesho ya kawaida, na anayekata tiketi ya ghorofa ya juu ataliona jukwaa kwa ukamilifu zaidi. Kila majira ya baridi kasri la Moritzburg, upande wa Ujerumani karibu na Dresden, huandaa maonyesho ya filamu ile ya Cinderella pamoja na maleba yake. Ukienda huko, sogelea kioo uchunguze mishono na kingo za mikono ya mavazi, uone yalivyoshonwa.